Mwanamke wa Kauri Aliyetazama Chini

Kitu cha kwanza alichonifundisha yule bibi wa Kijapani ni kugeuza vitu juu chini. Hata salamu tulikuwa hatujazimaliza vizuri. Ilikuwa siku yangu ya kwanza ya kazi nyumbani kwake, kule Forest, mtaa wa Brussels, na mimi kwa kutaka kuonekana mchapakazi nilikimbilia kabati la sebuleni kufuta vumbi. Ndani nikakuta kijibwa cha kauri, kikombe kisichozidi kidole gumba, na bwana mmoja wa Kizungu mwenye wigi na soksi nyeupe anapiga zumari. Nikasema moyoni, haya, kumbe na Wajapani wana ushamba wao.

"Mpindue huyo bwana," akaniambia kwa Kifaransa chake cha polepole.

Nikampindua. Chini, pale alipokalia, palikuwa na maandishi mekundu ya Kiingereza yaliyosema ametengenezwa Japani inayokaliwa na wageni.

"Ukimkuta mtu kama huyu popote," akasema, "anza na makalio."

Mimi nilicheka, yeye hakucheka. Nikamrudisha bwana na zumari lake, nikaendelea na vumbi langu, maana nililetwa pale kuosha na kupika, si kufundishwa makalio ya watu wa kauri.

Kazi yangu miaka ile ya tisini ilikuwa kusaidia wazee majumbani mwao. Unamwamsha, unamwogesha, unampikia, unamsikiliza, saa zikiisha unapanda tramu kwenda kwa mwingine. Nilikuwa nakaa Ixelles, mtaa mwingine wa mji ule ule, vyumba viwili juu ya saluni ya kusuka nywele, pamoja na mama mdogo, mdogo wake mama yangu. Mama mwenyewe alibaki kwetu Kongo, Bukavu. Tulipotoka sisi alikataa katakata kutoka, akasema nyumba haiwezi kujilinda yenyewe. Tukawa tunampigia simu Jumapili, anatusomea orodha ya waliooa na waliokufa, anatutukana kidogo kwa kutopiga mapema, anakata. Kisha mwaka wa tisini na nane, mwezi wa nane, majeshi ya nje yakaingia mjini, na simu ya mama ikaacha kuita.

Yule bibi alikuwa mjane wa mhandisi wa Kibelgiji aliyemwoa kule kwao na kumleta Brussels. Watoto hawakupata. Kisukari kilikuwa kimeshakula vidole viwili vya mguu wa kushoto na sasa kilikuwa kwenye macho. Kila asubuhi alisimama dirishani akajipima kwa saa ya mnara wa kanisa la jirani. Kuna siku aliona mishale, kuna siku aliona duara tu, kuna siku aliniuliza mimi ni saa ngapi, nami nikajua asihojiwe zaidi.

Hadithi yake nilipewa miguuni, ndiyo, miguuni hasa. Mgonjwa wa sukari lazima umwoshe miguu kila siku, uikaushe katikati ya vidole, utafute kidonda kabla hakijakutafuta. Mimi nimepiga magoti na beseni, yeye juu ya kiti anazungumza na utosi wangu. Nadhani ilimrahisishia, kwa kuwa hakuuona uso wangu.

Alizaliwa katika mji wa wafinyanzi, si mbali na Nagoya. Walikuwa mabinti wawili, yeye mdogo. Baba alikwenda vitani hakurudi. Mama alikuwa amekwenda Nagoya kumwuguza ndugu, akiwa amebeba kila kitu cha thamani cha familia kwenye furushi moja, picha zote zimo, na usiku ule mabomu ya moto yalishuka. Vita vilipokwisha hawakuwa na mama wala karatasi yoyote yenye sura ya mama.

Wageni wakaingia kutawala. Njaa ikaingia nao, au ilikuwa imeshatangulia. Mabinti walikula majani ya viazi vitamu. Kisha karakana za kauri zikaruhusiwa kuwasha moto tena, ili nchi iuze vitu ng'ambo na inunue chakula. Wafanyabiashara wakaleta sampuli: mabibi wa Kizungu wenye magauni mapana, wachungaji wa kondoo, watoto na mabata. Nakilini hivi hivi, wakaambiwa. Wakanakili.

"Hatukuwahi kumwona mchungaji wa kondoo," alisema. "Kondoo wenyewe tuliwajua kwa kusikia. Mwaka ule kondoo wetu wengi walikwenda Amerika wakiwa na nyuso za mbwa."

Hapo alicheka kidogo, mimi nikacheka sana. Mwenye njaa hana miiko. Watu waliochomewa mji wamekaa safu moja kwenye benchi, wanapaka wekundu mashavuni mwa mabibi wa waliouchoma, na siku mzigo ukitoka kuna unga nyumbani.

Kila mtu alikuwa na sehemu yake. Huyu nywele, yule maua, yule viatu. Dada yake alipewa macho na midomo kwa sababu mkono wake haukutetemeka hata kwa njaa. Mdogo mtu alibeba mbao begani, mbao ndefu zilizopangwa mabibi, kutoka kwa mpakaji mmoja hadi mwingine. Lakini makaa ya mawe yalikuwa haba. Kauri ilipikwa, muhuri wa chini, yale maandishi mekundu, ukapikwa nayo, kwa kuwa mwenye karakana aliogopa ukibanduka mzigo utazuiwa bandarini. Nyuso zilikuja mwisho, na kufika hapo makaa yamekwisha. Zikapakwa rangi baridi, zikaachwa zikauke kwa upepo. Ndiyo maana, aliniambia, vitu hivi havioshwi kamwe. Muhuri hautoki hata ukisugua na mchanga, lakini uso ukiona maji unakwenda.

Basi msimu mmoja wa mvua ikaja oda ya mzigo mkubwa, na msimamizi yu mgonjwa kitandani. Dada mtu, aliyekuwa akipaka mwanamke mwenye gauni la buluu na kikapu cha maua, akaacha kufuata sampuli. Akampaka macho yanayotazama chini na pembeni. Akampaka nyusi nyembamba. Akaipandisha kona moja ya mdomo, kama mtu aliyetaka kugomba akaghairi. Alipomaliza ubao mzima akamwita mdogo wake: njoo utazame.

"Nilimwona mama yangu," bibi alisema. "Safu nzima ya mama yangu, kila mmoja na kikapu."

Nikamuuliza, mbona hamkuficha hata mmoja? Nilimwuliza kwa ukali, nakiri, kama vile ningeweza kwenda kumchukua mimi. Akaniambia aliyeficha kitu alifukuzwa, na kufukuzwa wakati ule ilikuwa kufa. Isitoshe walidhani watapaka wengine. Msimamizi akapona, akakuta mbao chache za mwisho, akasema wanawake wa Ulaya hutazama mbele, na habari ikaishia hapo. Mzigo ulikuwa umeshafungwa na majani makavu na kupelekwa bandarini. Dada akaanza kukohoa. Wageni walipoondoka nchini yeye alikuwa ameshazikwa.

"Mikono ya mama naikumbuka," bibi alisema. "Sauti yake akiniita niingie ndani naikumbuka. Sura imekwenda. Nilikuwa nayo nikiwa msichana, nilikuja nayo mpaka Ubelgiji, halafu asubuhi moja nikaitafuta sikuikuta."

Hicho ndicho alichokuwa akitafuta, basi. Mumewe alipokuwa hai walitafuta wawili, kila Jumapili, kila soko. Sasa mume hayupo, miguu haipo, na macho yanafunga duka. Alitaka amwone mama yake mara moja kabla hayajafunga. Hakuniomba nimtafutie. Aliniambia tu soko la vitu vikuukuu la Jeu de Balle linaanza alfajiri, na kwamba tramu yangu inapita karibu.

Nilikasirika, niseme kweli. Dunia yote hii, wakusanyaji wa Amerika wana makabati yamejaa, halafu mimi niokote mama wa mtu kwenye mawe ya Brussels? Jumamosi iliyofuata nikaenda. Nilijiambia nakwenda kutafuta sufuria.

Lile soko ni kufa kufaana. Mtu akifa Brussels na watoto hawana nafasi, wanaita wenye magari, nyumba inamwagwa kwenye masanduku, na kesho yake masanduku yanapinduliwa pale uwanjani: vijiko, meno ya bandia, picha za arusi, rozari. Mwanzoni niliona haya kushika. Kwetu vitu vya marehemu vina utaratibu wake, havitupwi barabarani watu wakavikanyaga. Lakini ukirudi mara tatu unazoea, na ukishazoea unakuwa mshenzi kama wenzako. Nikajifunza kuchutama, kuingiza mkono kwenye gazeti, kutoa bibi wa kauri, kumpindua, kumrudisha. Walikuwepo wakusanyaji pia, wanaume wenye glavu na taa ndogo, nao wanapindua tu. Uwanja mzima wa watu wazima wanaangalia mabibi chini ya gauni, na hakuna anayeona aibu.

Nilipata wenye muhuri, si mara nyingi, lakini nilipata. Mtoto na bata. Malaika bila bawa. Nilimpelekea bibi taarifa Jumatatu, naye aliuliza neno moja tu: macho? Nikajibu, yanatazama mbele, Madame. Basi tunaendelea na miguu.

Mwezi wa tisa na wa kumi nilikuwa napiga simu Bukavu kutoka kwenye vibanda vya simu pale Ixelles, kila Jumapili, baada ya ibada. Unapewa kibanda namba tatu, unapiga, unasikia mwanamke wa mashine akikuambia kwa upole mambo yasiyosaidia. Wanaotoka vibanda vya jirani wanafuta macho au wanapiga kelele za furaha, wewe unatoka mkavu. Bibi alinisoma. Siku moja, miguu iko kwenye beseni, akaniuliza, "Kwenu wanajeshi wanalala wapi?"

"Mashuleni, wanasema."

"Kwetu pia mashuleni. Wanawapa watoto peremende?"

"Hawa wetu hawagawi peremende, Madame."

Kisha akasema mtu akikalia nchi yako, kitu cha kwanza kinachobadilika ni sauti ya mlango, kwa kuwa kila ukigongwa unajiuliza. Nikaendelea kukausha katikati ya vidole.

Nilimpata sokoni mwishoni mwa mwezi wa kumi na moja, Jumamosi ya mvua. Muuzaji mmoja Mmoroko, aliyekuwa ananiita ma sœur, dada yangu, na kunicheka kwa kupindua kila kitu, aliniita kwa kidole. Alikuwa ameteremsha masanduku ya nyumba ya bibi mmoja wa mtaa wa Evere aliyefariki wiki ile. Lipo moja, alisema, hajalifungua. Nikafungua magazeti. Nikamtoa, nikampindua upesi upesi kabla mwenye glavu hajanusa. Muhuri mwekundu. Nikausoma herufi kwa herufi, nikausugua kwa kidole, nikaangalia kama kuna ufa. Ndipo nikamgeuza. Gauni la buluu, kikapu cha maua, macho yanatazama chini na pembeni. Nikakaa juu ya mawe yenye maji. Muuzaji alidhani nimeugua.

Nilimfunga kwenye skafu yangu. Kwenye tramu nilifungua skafu mara moja tu, nikampindua, nikausoma muhuri tena kuhakikisha sikuota, nikafunga.

Bibi alikuwa hospitalini tangu Alhamisi. Walikuwa wamemchoma macho kwa mwanga, kama wanavyofanya kwa watu wa sukari, wakamfunga bendeji, na Jumatatu asubuhi angerudi nyumbani nizifungue mimi. Daktari alishasema wazi kwamba jicho la kulia limekwisha, na la kushoto lina majuma, si miezi. Nikampigia simu wodini.

"Nimempata, Madame."

Nikasikia kigari cha chai kikipita kule kwake.

"Macho?"

"Yanatazama chini."

Akapumua. Nikamwuliza nimletee jioni ile? Akakataa. Ana bendeji, alisema, atampapasa kama kipofu, na hospitalini vitu vinapotea. Nimpelekee Jumatatu, nyumbani, dirishani, saa mwanga unapoingia. "Nimesubiri miaka yote hii," alisema, "nitashindwa Jumapili moja?"

Nyumbani nilimweka juu ya friji. Mama mdogo akaja na magongo yake, maana goti lilikuwa linamsumbua tangu mvua zianze, akamtazama.

"Ile kitu inatoka wapi?"

Nikamweleza, kwa furaha niliyokuwa nayo, habari yote ya bibi na mama yake na sanduku la marehemu wa Evere. Nilizungumza haraka, nikirukaruka. Nikamwambia jambo moja tu, aangalie isianguke. Mama mdogo akaguna. Bon, sawa, akasema, akaendelea kumtazama yule mwanamke wa kauri kwa jicho la pembeni wakati wote wa chakula.

Jumapili nilikwenda kusali. Mama mdogo alibaki na goti lake. Kutoka kanisani nikapitia vibanda vya simu, nikapewa namba tatu kama kawaida, mwanamke wa mashine akasema yake. Nikarudi polepole, sina haraka ya kwenda kusema hakuna.

Mwanamke wa kauri alikuwa jikoni, kwenye waya wa kukaushia vyombo, kati ya vikombe viwili. Gauni la buluu linang'aa kuliko nilivyolileta. Kikapu kinang'aa. Juu ya shingo palikuwa na kauri nyeupe tupu, laini, hakuna jicho, hakuna mdomo.

"Nimeisafisha muzuri," mama mdogo akasema toka chumbani, kwa sauti ya mtu aliyemaliza kazi. "Na maji ya moto, na munyu, na savon. Ilikuwa chafu, weye!"

Nilipiga kelele. Sijawahi kumpigia mtu mzima kelele vile, tena mama yangu mdogo, aliyenifunga mgongoni nikiwa mtoto. Nilimwambia maneno ambayo mpaka leo yakinijia napandisha sauti ya redio. Alisimama mlangoni na magongo yake, akasikiliza.

"Kitu ya mufu haiingiake mu nyumba ivi-ivi," akasema. "Ikilala bila kuogeshwa, inaita bengine. Na yaya yangu, mukubwa yangu, iko kule, hatujue kama anaishi. Mi nilikuwa nafunga mulango, mutoto yangu. Nilikuwa namufungia mama yako mulango."

Akaanza kulia. Nilikuwa sina pa kupeleka hasira. Kweli kwetu ndivyo inavyofanywa, nguo ya marehemu, kiti cha marehemu, hata kijiko, haviingii ndani mpaka vipitie maji na chumvi, na mimi mwenyewe ningekuwa na akili zangu siku ile ningekumbuka. Nilikaa sakafuni jikoni. Yeye hakuweza kukaa kwa ajili ya goti, akasimama kando yangu ameshika kichwa changu. Maji ya kuoshea yalikuwa bado kwenye karai, na rangi hata haikuonekana ndani yake. Sura ya mtu mzima ilikuwa kidogo kiasi kile.

Usiku nilipanga uongo. Nitasema muuzaji aliiosha. Nitasema imeibwa kwenye tramu. Asubuhi nilipofika Forest uongo wote ukanikimbia, kwa kuwa bibi alikuwa amevaa. Muuguzi aliyemleta alikuwa amemvalisha blauzi ya hariri ambayo sikuwahi kuiona, nywele zimechanwa, ameketi dirishani mikono juu ya magoti, bendeji machoni. Mtu aliyejiandaa kupokea mgeni.

Nikamfungua bendeji. Jicho la kushoto likapepesa likatulia. Akatazama mnara. "Saa naiona," akasema. "Mshale mmoja. Mlete."

Nikamweka mikononi mwake. Alifanya kama alivyonifundisha, akampindua kwanza, akapitisha kidole gumba juu ya muhuri, akatikisa kichwa kukubali. Akapitisha kidole kwenye mikunjo ya gauni, kwenye kikapu. Kisha akamsimamisha kwenye mwanga, akachukua kioo cha kukuzia, akainamisha uso wake mpaka karibu wagusane.

Alikaa hivyo kwa muda mrefu. Akasogeza kioo, akakirudisha, akafuta kioo kwa ncha ya blauzi, akatazama tena. Nilitamani adhani ni macho yake.

"Mmemwosha," akasema.

Nikamwambia yote. Marehemu wa Evere, mama mdogo, maji ya moto, Bukavu, mlango. Nilizungumza nimepiga magoti, pale pale ninapokaaga na beseni, safari hii bila beseni.

"Kwa kitu gani?" akauliza. "Kwa sabuni tu?"

"Kwa sabuni na chumvi, Madame."

Aliinua kichwa. "Chumvi," akasema. "Na sisi ukitoka mazikoni unarushiwa chumvi mlangoni kabla hujaingia. Mama ndiye alikuwa anarusha." Akamlaza mwanamke wa kauri mapajani, akamfunika kwa kiganja kana kwamba ana baridi. Nilisubiri alie au anifukuze. Ningependa afanye kimojawapo. Mwisho akasema, taratibu kabisa, "Lakini wewe ulimwona."

"Nilimwona."

"Jumamosi nzima ulikuwa naye. Niambie."

Akafumba macho, lile bovu na lile lenye majuma, akageuza sikio upande wangu. Nami nikaanza. Macho yanatazama chini na pembeni, nikasema. Nyusi nyembamba. Kona moja ya mdomo imepanda, kama mtu aliyetaka kugomba.

"Hayo nilikuambia mimi," akasema. "Niambie ulichoona wewe."

Nikarudi sokoni kwa mawazo. Nikaona sanduku, magazeti, mvua. Nikaona muhuri, nikauona vizuri kabisa, herufi moja baada ya nyingine, mpaka ile iliyokuwa imefifia mkia. Nikarudi kwenye tramu, nikafungua skafu, nikaona muhuri. Uso nilikuwa nimeutazama ili kuhakikisha macho yanatazama chini, kisha nikaacha kuutazama. Nikasukuma kumbukumbu. Nilitaka nimpe kitu, chochote. Na polepole ikaja sura, ikasogea karibu, nikafurahi, nikaanza kuisema kabla haijaponyoka. Paji la uso pana, nikasema. Mashavu yameingia kidogo, ya mtu aliyeacha kula vizuri siku hizi. Kuna kovu dogo karibu na sikio. Anakutazama kama umechelewa, na ukishaingia anaacha kukasirika, anacheka, na akicheka kuna mwanya mdogo hapa mbele, kati ya meno ya juu.

Bibi alikuwa ametulia. Alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akaupata mkono wangu bila kufumbua macho.

"Dada yangu hakuchora meno," akasema. "Huyo ni mama yako."

Kule nje tramu ilipita, vikombe vya kabatini vikatikisika kama kawaida yake.

"Jaribu tena," akasema.

Nikafumba macho nami, nikajaribu tena. Akaja yule yule, amesimama mlangoni Bukavu, anatazama barabara.